Mzigo Umeruka, Askari Hajaupata: Utatuzi wa Matatizo ya Ugavi wa Vikosi kwa Ndege

Mwongozo huu ni kwa ajili ya afisa wa ugavi aliyepewa jukumu la kukilisha kikosi kisichofikika kwa barabara, na ambaye ameanza kuona kwamba hesabu za kituo cha kuondokea hazilingani na malalamiko ya wanaosubiri. Nimeupanga kwa dalili, kwa sababu tatizo la namna hii haliji likijitaja jina. Linajitokeza kama ujumbe wa redio usemao risasi zimekwisha, kama rundo la magunia yaliyopasuka, au kama ndege kumi zinazozunguka juu ya mawingu zikingoja zamu ya kutua.

Kabla ya kushughulikia dalili yoyote, tafuta tarakimu nne za siku moja: tani zilizoombwa, tani zilizoruka, tani zilizotua au kudondoshwa, na tani zilizopokelewa na kuhesabiwa na askari wenyewe. Tarakimu ya pili hupatikana kwa urahisi, ndiyo maana hupelekwa kwa wakubwa kana kwamba ndiyo matokeo ya kazi. Ya nne ndiyo ngumu kuipata, na ndiyo pekee inayoliwa au kupakiwa kwenye bunduki. Pale pengo linapokuwa kubwa zaidi kati ya tarakimu hizo, hapo ndipo pa kuanzia uchunguzi. Tangu ndege za Uingereza zilipojaribu kuwalisha askari waliozingirwa Kut, Iraq, mwaka 1916, chanzo cha kushindwa kimekuwa ardhini mara nyingi zaidi kuliko angani, ilhali watu huendelea kudai ndege zaidi.

Tani zinazofika ni chache kuliko zilizoahidiwa

Chunguza kwanza ahadi yenyewe, kwa maana huenda hakuna kilichoharibika isipokuwa hesabu ya siku ya kwanza. Mfano unaoumiza zaidi ni wa Stalingrad. Jeshi la Sita la Ujerumani lilipozingirwa mwishoni mwa Novemba 1942, likiwa na watu zaidi ya 200,000, maofisa wake wa ugavi waliomba takriban tani 700 kwa siku, kisha ombi likapunguzwa hadi 500, na hatimaye 300 zikakubaliwa kuwa kiwango cha chini cha kuwaweka watu hai wakiwa na uwezo wa kupigana. Wastani uliofika ulikuwa karibu tani 100 tu kwa siku, na hata siku iliyofanikiwa kuliko zote, tarehe 19 Desemba, haikufikia 300.

Hesabu ambayo ingepaswa kufanywa mapema haihitaji utaalamu. Ndege ya usafirishaji ya Ujerumani aina ya Ju 52 ilibeba takriban tani 2, kwa hiyo tani 300 zilihitaji safari 150 zilizotua salama kila siku, na tani 500 zilihitaji 250. Ikiwa chini ya nusu ya ndege ulizonazo ndizo zinazoweza kuruka kwa siku fulani, hali ambayo ilikuwa ya kawaida katika baridi ile iliyogandisha mafuta ya injini, idadi ya ndege zinazohitajika huzidi maradufu ya idadi ya safari. Kilichowapotosha wakuu ni mafanikio yaliyotangulia: kuanzia Februari 1942, takriban askari 100,000 wa Ujerumani waliozingirwa Demyansk, Urusi, walikuwa wamelishwa kwa ndege kwa miezi kadhaa, na mafanikio hayo yakachukuliwa kuwa ushahidi kwamba jambo hilo linawezekana popote. Demyansk palihitaji karibu tani 300 kwa siku kwa jeshi dogo zaidi, na tena palihitaji sehemu kubwa ya ndege zote za usafirishaji za Ujerumani.

Kama ahadi ni sahihi, angalia idadi ya ndege zilizo tayari asubuhi, wala si zile zilizoandikwa kwenye orodha ya kikosi. Kisha angalia joto na mwinuko wa uwanja. Hewa ya moto na ya mahali pa juu ni nyepesi, hivyo bawa halipati nguvu ileile ya kuinua wala injini haipumui vizuri, na ndege au helikopta iliyopangiwa mzigo kwa viwango vya pwani italazimika kuacha sehemu ya mzigo huo chini. Dalili yake ni rahisi kuitambua: safari za alfajiri hubeba zaidi ya safari za saa nane mchana. Dawa ni kupanga mizigo mizito alfajiri, au kupunguza mafuta na kuongeza kituo cha kujazia njiani ikiwa kipo.

Ndege zinajipanga foleni

Hili ndilo tatizo ambalo watu hulitibu kinyume zaidi ya yote, kwa kuongeza ndege mahali ambapo kinachokosekana ni nafasi. Uwanja hauna uwezo usio na mwisho. Una idadi fulani ya sehemu za kuegesha ndege huku ikishushwa mzigo, na kila ndege hukaa hapo kwa muda fulani. Chukua uwanja wenye sehemu 3, unaofanya kazi saa 12 kwa siku, ambapo kila ndege hukaa saa moja na nusu: utapokea ndege 24. Muda wa kukaa ukifika saa tatu kwa sababu foklifti moja imeharibika, zitapokelewa 12, hata kama ndege 100 zinangoja kule zilikotoka. Kwa hiyo foklifti hiyo moja ina thamani ya ndege 12, na fundi wake anastahili kipaumbele kile kile anachopewa rubani.

Berlin ilifunza somo hili kwa gharama. Daraja la anga la kuilisha sehemu ya magharibi ya jiji, iliyokuwa imefungiwa barabara na Wasovieti, lilianza mwishoni mwa Juni 1948, na tarehe 13 Agosti mwaka huo, siku ya mvua na mawingu yaliyoshuka hadi karibu na mapaa, ndege moja ilianguka na kuungua kwenye uwanja wa Tempelhof, nyingine ikapasuka matairi, na zilizofuata zikarundikana zikizunguka juu ya jiji huku marubani wakigombania nafasi redioni. Jenerali William H. Tunner, kamanda wa daraja hilo la anga, aliyekuwa katika moja ya ndege hizo zilizokuwa zikizunguka, aliamuru zote zilizokuwa foleni zirudi zilikotoka. Kanuni iliyofuata ilikuwa kali na yenye manufaa: rubani akikosa kutua mara ya kwanza, hapewi nafasi ya pili, anarudi na mzigo wake. Kwa mtazamo wa rubani mmoja kanuni hiyo ni hasara ya safari nzima, lakini kwa mtazamo wa mkondo wote inalinda kila ndege iliyo nyuma yake. Ndege zikitua kila baada ya dakika 3, dakika 1,440 za siku zinatoa nafasi 480 za kutua, na mmoja akijaribu tena anaharibu mpangilio wa wote.

Kama foleni yako iko ardhini badala ya angani, simama kando ya ndege moja ukiwa na saa mkononi tangu injini zinapozimwa hadi zinapowashwa tena, na uandike kila kinachosubiriwa. Utashangaa ni dakika ngapi zinapotea kwa mambo yasiyohusu mzigo: rubani amekwenda kunywa chai, karatasi ya hali ya hewa iko ofisini, lori limefika likiwa na mpakuzi mmoja. Tunner alikataza marubani kuondoka kando ya ndege zao, akapeleka magari ya vitafunio na afisa wa hali ya hewa hadi kwenye ndege, na muda wa kukaa Berlin ukapungua hadi karibu nusu saa. Aina ya ndege nayo ina athari. C-47, yenye gurudumu la mkiani, huegeshwa sakafu ikiwa imeinama kuelekea nyuma, hivyo kila gunia husogezwa kwenye mteremko, na ndege hiyo ilibeba takriban tani 3 tu ilhali C-54, yenye sakafu tambarare, ilibeba karibu 10. Kuchanganya ndege zenye kasi tofauti katika mkondo mmoja pia hulazimisha ya haraka ifuate ya polepole, jambo lililofanya ndege ndogo kuondolewa hatua kwa hatua kwenye njia hizo.

Tani zinatimia, lakini kikosi bado kinakosa

Hapa kosa liko katika kilichomo ndani ya tani. Uliza kama orodha ya mahitaji inatoka kwa kikosi chenyewe au inakisiwa na ghala. Ghala lina tabia ya kutuma kile lilicho nacho kwa wingi. Uliza pia kama kila mzigo ni wa mchanganyiko. Ukijaza ndege moja risasi pekee na nyingine dawa pekee, kupotea kwa ndege moja ni kupotea kwa dawa za siku nzima. Ni salama zaidi kila kifurushi kibebe sehemu ya kila kitu.

Kisha tafuta maji yaliyojificha. Mkate una maji mengi ndani yake, kwa hiyo Berlin ilipelekewa unga ukaokwa hukohuko, viazi vilipelekwa vikiwa vimekaushwa, na nyama ikapelekwa bila mifupa. Kwa askari waliozingirwa kanuni hiyo ina mpaka, kwani chakula kikavu kinadai maji na kuni, na kisima kikiwa chini ya risasi za adui, utakuwa umepunguza uzito kwenye karatasi tu.

Mizigo inadondoka mbali na eneo lake

Tenganisha makosa mawili ambayo huonekana sawa kwa aliye chini: kosa la muda na kosa la upepo. Ndege inayodondosha mzigo kwa mwendo wa noti 130 (takriban kilomita 240 kwa saa) husafiri karibu mita 67 kila sekunde. Msimamizi wa shehena akichelewa kuachia kwa sekunde 3, mzigo wa kwanza utakuwa umepitiliza kwa mita 200. Na ikiwa mizigo yote inahitaji sekunde 6 kutoka mlangoni, wa mwisho utatua mita 400 mbele ya wa kwanza hata kama kila mtu amefanya kazi yake ipasavyo. Kwa hiyo mizigo ikitua kwenye mstari ulionyooka unaofuata njia ya ndege, lakini yote imesogea mbele au nyuma, shuku muda. Ikitua pembeni ya mstari huo, shuku upepo.

Upepo unakokotolewa hivi. Mwavuli wa mizigo unaoshuka mita 8 kwa sekunde kutoka mita 250 hukaa angani takriban sekunde 31, na upepo wa mita 7 kwa sekunde utausogeza karibu mita 220. Ukiufungua mwavuli huohuo kwenye mita 2,500, utakaa angani zaidi ya dakika 5 na kupelekwa zaidi ya kilomita 2. Hivyo ndivyo ilivyokuwa Dien Bien Phu, ngome ya Wafaransa huko Vietnam iliyozingirwa na wapiganaji wa Viet Minh, mwaka 1954. Kadiri mizinga ya kutungulia ndege ya Viet Minh ilivyozidi, ndege za usafirishaji za Wafaransa zililazimika kupanda juu, na ngome ilivyozidi kupungua ukubwa ndivyo sehemu kubwa zaidi ya mizigo ilivyoangukia upande wa pili. Mafundi walijaribu kuchelewesha kufunguka kwa miavuli ili mzigo uanguke bure kwanza kisha usimamishwe karibu na ardhi. Wazo hilo ni sahihi kifizikia, lakini linategemea kifaa cha kuchelewesha kufanya kazi bila kosa, na kisipofanya kazi hupati mzigo uliopotea kidogo, unapata shimo.

Wamarekani waliozingirwa Khe Sanh, Vietnam, mwaka 1968 walipata njia nyingine. Mawingu yalipofunika bonde, rada ya uwanja iliiongoza ndege hadi juu ya alama inayojulikana, kisha rubani akahesabu sekunde zilizopangwa na kuachia bila kuona chochote chini, na kosa la wastani lilikuwa karibu mita 100. Siku hizi kuna miavuli inayojiongoza kwa satelaiti, ambayo Marekani iliitumia vitani kwa mara ya kwanza Afghanistan mnamo Agosti 2006, na inairuhusu ndege kukaa juu sana. Isitumike kama sababu ya kuacha kupima upepo. Mwavuli unaojiongoza unaweza kurekebisha kosa lililo ndani ya uwezo wake wa kuteleza, na ukiachiwa nje ya duara hilo utatua kwingine kama mwavuli wowote.

Mizigo inaanguka palepale palipopangwa, lakini anayeiokota ni adui

Usahihi wa marubani si tatizo hapa. Tatizo ni kwamba mpango umepitwa na wakati na hakuna aliyewaambia. Arnhem, Uholanzi, Septemba 1944, maeneo ya kudondoshea mizigo ya Divisheni ya Kwanza ya Anga ya Uingereza yalikuwa mikononi mwa Wajerumani, redio hazikufikisha habari, na askari waliokuwa chini wakapeperusha vitambaa na kuwasha ishara bila kutambuliwa. Tarehe 19 Septemba, rubani David Lord aliiweka ndege yake aina ya Dakota (C-47) kwenye njia ya kudondoshea ikiwa bawa lake linawaka moto, akazunguka na kurudi mara ya pili kwa sababu makasha mawili yalikuwa yamebaki, kisha ndege ikaanguka. Alitunukiwa nishani ya Victoria Cross baada ya kifo chake. Eneo alilolilenga kwa uaminifu huo wote lilikuwa limeshikwa na adui.

Hakikisha kila safari ina alama ya utambulisho inayobadilika kila siku, njia mbili za mawasiliano zisizotegemea kifaa kimoja, na eneo mbadala ambalo rubani analijua tangu kabla ya kuruka. Na kama alama haionekani, awe na ruhusa ya wazi ya kurudi na mzigo.

Mizigo inafika imeharibika

Soma mabaki, kwa sababu yanaeleza. Kasha lililopasuka chini pekee, mwavuli ukiwa wazi, linaonyesha mto wa kufyonza kishindo ulikuwa mwembamba au haukuwekwa. Kadibodi ya masega, yaani mto wa karatasi wenye vitundu kama sega la nyuki, iliyobanwa sawasawa ni dalili njema, na iliyobanwa upande mmoja inaonyesha mzigo ulining'inia kombo. Kasha lililozama ardhini likiwa na mwavuli uliobaki kwenye mfuko wake linakupeleka kwa aliyeufunga na kwenye kamba ya kufungulia. Kasha lililotua vizuri kisha likaburutwa mita mia kadhaa juu ya mawe halina kosa la kushuka, bali kiachilio cha mwavuli hakikufunguka baada ya kugusa ardhi.

Si kila kitu kinahitaji mwavuli. Burma, katika Vita vya Pili vya Dunia, mchele ulitupwa kutoka ndege zinazoruka chini ukiwa ndani ya gunia lililotiwa ndani ya gunia jingine kubwa zaidi. La ndani lilipasuka kwa kishindo, na la nje, kwa kuwa lilikuwa limelegea, likazuia punje zisitawanyike. Ukijaza magunia yote mawili hadi kukaza, yatapasuka pamoja. Miavuli ya hariri ilipokosekana, jeshi la Jenerali Slim wa Uingereza lilishonewa miavuli ya juti, ambayo haikuwa mizuri kama ya hariri lakini ilitosha kwa chakula na risasi na ilikuwa ya bei ndogo. Naipenda hatua hiyo, kwa sababu Slim aliuliza mzigo unahitaji nini, wala hakuuliza kanuni za ghala zinadai nini.

Shehena inasogea ndani ya ndege

Simamisha safari. Hakuna uchunguzi unaofanywa huku kazi ikiendelea. Tarehe 29 Aprili 2013 ndege ya mizigo aina ya Boeing 747 iliyobeba magari 5 ya kivita iliruka kutoka Bagram, ufungaji ukashindwa kuyazuia, angalau gari moja likasogea nyuma na kuharibu mifumo ya kuiongoza ndege, na watu wote 7 waliokuwamo wakafa. Mikanda mingi si lazima iwe mikanda ya kutosha, kwa kuwa pembe ya kila mkanda hupunguza nguvu inayozuia mzigo kwenda mbele au nyuma. Pima uzito halisi wa kila gari pamoja na vilivyowekwa ndani yake, kokotoa upya kitovu cha uzito, na umpe msimamizi wa shehena mamlaka ya kukataa.

Kazi ilianza vizuri, sasa inadidimia

Ukiona tani zinapungua kidogo kidogo kwa wiki kadhaa bila tukio la kulaumiwa, hesabu vitu vinavyopaswa kurudi. Paleti za kawaida za kijeshi, yaani majukwaa bapa ya kufungia shehena, zenye upana wa sentimita 224 na urefu wa sentimita 274, pamoja na nyavu zake, hupendwa sana na askari wa mstari wa mbele, ambao huzigeuza sakafu, paa na ukuta wa mahandaki. Siwalaumu, lakini kila ndege inayorudi bila paleti inapunguza ndege ya kesho. Hali ni hiyohiyo kwa miavuli na vifaa vya kuiongoza. Ikiwa kikosi hakiwezi kuvirudisha, basi tumia miavuli ya bei nafuu ya kutumika mara moja na uiandike kama matumizi.

Kisha angalia kile ambacho mzigo unaifanyia ndege. Vumbi la makaa ya mawe, yaliyokuwa takriban theluthi mbili ya shehena ya Berlin, lilipenya kwenye nyaya na vifaa vya marubani hata yalipofungwa magunia. Chumvi ilikuwa mbaya zaidi, kwani ilikula nyaya na chuma, na ndiyo maana Waingereza waliipakia kwenye ndege za majini aina ya Sunderland, zilizojengwa kustahimili maji ya bahari, zikatua kwenye ziwa la Havel. Uchovu wa marubani na mafundi hujengeka vivyo hivyo, na dalili yake ya mapema ni kuongezeka kwa makosa madogo ya wakati wa kuegesha, kabla ya ajali yoyote kubwa.

Kila sababu imeondolewa, na bado tani hazitoshi

Hapo rudi kwenye ramani na upime umbali kati ya njia ya kutua na mizinga ya adui. Dien Bien Phu ilipoteza njia yake ya kutua kwa mizinga iliyokuwa kwenye vilima vinavyoitazama, ndani ya wiki mbili tangu mashambulizi ya 13 Machi 1954, na ngome ikaanguka tarehe 7 Mei. Stalingrad ilipoteza uwanja wa Pitomnik, pekee ndani ya mzingiro uliokuwa na taa za kutua usiku, katikati ya Januari 1943. Baada ya uwanja wa Gumrak nao kuanguka siku chache baadaye, yalibaki makasha yaliyodondoshwa kwenye theluji, ambayo askari wenye njaa, wasio na mafuta ya magari, hawakuwa na nguvu ya kuyatafuta. Hakuna marekebisho ya ratiba wala ya miavuli yanayofidia uwanja uliopotea, na afisa wa ugavi anayelijua hilo analazimika kulisema kwa maandishi siku ileile, kwa sababu aliye juu yake bado anasoma tarakimu ya tani zilizoruka.

Katika fomu ya ugavi ningeongeza swali moja ambalo halihusu ndege: barabara itafunguliwa lini, na nani ameahidi? Stalingrad, kikosi cha ukombozi kilikwama kabla ya Krismasi ya 1942, na kuanzia siku hiyo ndege hazikuwa na tarehe ya kuifikia. Imphal nako, kaskazini-mashariki mwa India, jeshi la Slim lilikuwa katika mzingiro wa Wajapani, mvua za masika zikikata safari, na posho ya chakula ikipunguzwa, lakini kila tani iliyotua ilinunua siku zinazohesabika. Tarehe 22 Juni 1944, askari waliotoka Kohima na waliotoka Imphal walikutana kwenye jiwe la maili ya 109, na siku hiyohiyo malori yakaanza kupita.